Kimya cha Ofisi ya Waziri

Kisu kilikuwa bado shingoni mwa Kobe.

Damu ilishaanza kushuka, si nyingi, uzi mmoja tu, ukaingia ndani ya kola ya shati. Aliyekishika alikuwa Glovu, yule mlinzi wa Waziri anayevaa glovu nyeusi hata jua likiwa linachoma.

"Kadi," Glovu akasema. "Toa kadi ya kamera, la sivyo huyu namfungua koo kama bahasha."

Kama gazeti la wiki jana lilikupita, au mwenye duka alikufungia misumari kwa ukurasa wetu, shika haya machache tukimbie. Sindano ni mtangazaji wa habari za siasa kwenye televisheni. Jina hilo alipewa kwa maswali yake: yanaingia polepole, yakitoka yameacha tundu. Kobe ni mpiga picha wake, na mizigo anayobeba mgongoni ndiyo iliyompa jina. Sindano ana mdogo wake wa kiume, wanamwita Gia, dereva wa Waziri wa Ujenzi. Leo ni siku ya nne Gia hajulikani alipo.

Kosa lake ni kubeba barua. Wakaguzi waliandika kwamba bweni la wasichana litaanguka. Gia akaipeleka barua kwa mkono wake, Waziri akaipokea kwa mkono wake. Mwezi mmoja baadaye bweni likalala chini na wasichana kumi na mmoja ndani yake, na Waziri akasimama mbele ya kamera akaapa kwamba barua kama hiyo hajawahi kuiona. Mtu pekee awezaye kumwambia "mwongo" ni dereva wake. Sasa jiulize dereva yuko wapi.

Sindano naye alijiuliza, tena kwa sauti. Asubuhi hii alimhoji Waziri ofisini, na swali la mwisho halikuwa kwenye orodha waliyokubaliana: "Mheshimiwa, dereva wako yuko wapi?"

Waziri akabadilika rangi. Hazikupita dakika kumi, kwenye maegesho chini ya jengo la wizara, kisu kikatoka.

"Mpe, Kobe," Sindano akasema.

"Nikimpa atatuacha?"

"Wewe mpe!"

Kobe akaitoa kadi. Glovu akaivunja vipande viwili, akaikanyaga. Mwenzake, mnene mmoja mwenye shingo kama kisiki, akaishika kamera kwa mikono yote miwili akaipiga ukutani mpaka ikatapika vioo.

"Na hiki kidude?" Mnene akauliza. Alikuwa amekikamata kinasa sauti kilichoning'inia kiunoni kwa Kobe.

"Hicho kibovu," Kobe akasema, kisu kikiwa bado kinamkwaruza. "Hakikushika kitu. Bonyeza usikilize mwenyewe."

Mnene akabonyeza. Kinasa kikacheza kile kilichorekodiwa mwisho. Wote wanne wakatega sikio. Mvumo wa feni. Basi.

"Hamna kitu, bosi. Kimya tu."

"Kama kichwa chako," Glovu akamjibu, akakinyakua na kumtupia Kobe usoni. Kikampasua juu ya jicho, kikaanguka miguuni pake.

Sindano akadhani yameisha. Watu wa wakubwa hawamalizi hivyo.

"Mkono," Glovu akasema. "Ule wa kupigia picha. Mweke hapo mlangoni."

Mnene akamburuta Kobe hadi kwenye gari, akafungua mlango, akaibana mikono yake, mkono wa kulia akauweka pale mlango unapokutana na bodi.

"Ndugu yangu," Kobe akaomba, "nina watoto..."

Mlango ukafungwa kwa nguvu.

Vidole vitatu. Kobe hakupiga kelele mara moja; alifungua mdomo, sauti ikachelewa, ilipofika ikajaza maegesho yote.

Sindano hakuwa na kisu wala bastola. Alikuwa na stendi ya kamera, miguu mitatu ya chuma iliyokunjwa pamoja, uzito wa mtoto wa miaka miwili. Akaishika kwa mikono miwili, akazunguka nayo kama mtu anayekata mti, akaiteremsha kwenye goti la Glovu.

Lililia kwaa! Goti likaenda upande ambao magoti hayaendi.

"Mama yangu!" Glovu akaanguka. Ndiyo, hata wao wana mama.

Mnene akasita kati ya bosi wake aliyelala na mwanamke mwenye chuma. Sindano hakumpa nafasi ya kuchagua. Chuma cha pili kikamkuta mdomoni. Akakiokota kinasa, akamshika Kobe shati, wakakimbilia gari lao.

*

"Hospitali," Sindano akasema, mguu wote kwenye mafuta.

"Hospitali gani? Isiyo na bandeji, au isiyo na daktari?" Kobe alikuwa ameufunga mkono kwa fulana yake, fulana ishakuwa nyekundu. "Nipeleke kazini. Kazini angalau kuna umeme."

"Kobe, uko sawa?"

"Niko sawa. Vidole ndivyo haviko sawa."

"Mahojiano yote yamekwenda. Mdogo wangu amekwenda. Tumebaki na nini?"

"Tumebaki na kimya cha Mheshimiwa."

"Usinitanie leo, tafadhali."

Kobe hakuwa anatania. Ngoja nikueleze, maana hata mimi nilielezwa. Mpiga picha anayejua kazi yake, mahojiano yakiisha, hafungi mizigo. Anawaomba watu wote watulie, asiseme mtu, asikohoe mtu, halafu anarekodi dakika moja ya chumba kikiwa kimya. Maana kimya cha chumba kimoja hakifanani na cha kingine. Kila chumba kina feni yake na mabomba yake. Mhariri akikata maneno, pengo analiziba kwa kimya cha chumba kilekile, kama fundi nguo anayetafuta kiraka cha kitambaa kilekile. Kobe husahau mwavuli, husahau siku ya ndoa yake. Kimya hajawahi kusahau.

Na kimya hakirekodi kwenye kamera. Anakirekodi kwenye kile kinasa cha kiunoni.

"Huyo Mnene alisikiliza kazi yangu nzuri kuliko zote," Kobe akasema, "na hakujua hata kunisifu."

*

Chumba cha kuhariri kilikuwa hakina dirisha la nje, kina kioo tu cha kutazamia ukumbi wa habari. Mle ndani alikuwa ameketi Mama Mkasi, miwani imefungwa kamba shingoni, miaka ishirini anakata na kuunga maneno ya wakubwa.

Akaona damu. Akasimama.

"Wanangu! Mmegongwa?"

"Tumepigwa, mama," Sindano akasema. "Na tumenyang'anywa. Tumebaki na kimya."

"Kimya bila maneno? Mmeniletea kiraka, nguo iko wapi?" Lakini mkono wake ulishachukua kinasa na kuchomeka waya. "Kuna vipande viwili humu. Kwa nini viwili?"

"Cha kwanza kiliharibika," Kobe akasema. "Mheshimiwa alikohoa. Tukarudia. Cha pili ndicho kizuri."

"Tuanze na kibaya. Kibaya ndicho kina habari."

Akapandisha sauti. Mvumo wa feni ukajaa chumbani kama mvua ya mbali. Saa ya ukutani. Kiti cha Waziri kikilia chini ya uzito wa Waziri.

Kisha mdundo. Mbali, nyuma ya ukuta.

"Huo niliusikia," Kobe akanong'ona. "Nikadhani watu wa ofisi wanasogeza makabati."

Mama Mkasi akapandisha tena. Mdundo mwingine, kama kisigino kinachopigwa kwenye mbao. Kisha sauti ya mtu aliyejazwa kitambaa mdomoni, akijaribu kusema neno moja.

"Da... da."

Sindano akashika ukingo wa meza.

"Dada!"

Likafuata pigo. Zito, la bila mlio, kama mtu anayepiga godoro vumbi litoke. Likafuata la pili. Sauti ikakatika.

Ndipo Waziri akakohoa, kikohozi kirefu cha kufunika. Na baada ya kikohozi, kwenye kinasa hichohicho, sauti ya Sindano mwenyewe, tamu, ya kikazi: "Mheshimiwa, tafadhali usikohoe. Tuanze tena."

Mama Mkasi akakisimamisha kinasa.

"Nilimwambia asikohoe," Sindano akasema. "Mdogo wangu ananiita nyuma ya ukuta, mimi nawaambia watu wanyamaze."

"Mwanangu, hukujua."

"Alinisikia, mama. Alisikia sauti yangu, akajua nimekuja kumchukua."

Utauliza, mjinga gani amfiche mtu nyuma ya ofisi ambayo wageni wanaingia? Jibu ni rahisi. Wangemhamisha kabla ya mahojiano, lakini Sindano alifika nusu saa mapema. Wakubwa wetu wanachelewa vikao, wanachelewa misiba, mafuriko yakija wanafika yamekauka. Mtu wa kuwahi hawakumweka kwenye hesabu zao.

Mlango ukafunguliwa. Bosi wa habari akaingia, tai ya bluu, jasho puani.

"Nyinyi mmefanya nini wizarani? Waziri amenipigia mara tatu! Anasema mmemvunja mtu wake mguu!"

"Sikiliza hii," Sindano akasema.

Akasikiliza. Ilipofika "dada" akafumba macho. Ilipofika kikohozi akakaa. Kisha akanyanyuka, akamkumbatia Sindano kwa mikono miwili.

"Pole, dada yangu. Pole sana. Hili niachieni mimi. Asiguse mtu. Taarifa ya saa saba inaanza na ile dakika moja ya kimya ya marehemu wa bweni, ni agizo la wizara kwa vituo vyote, haikatwi na mtu. Tukiipita hiyo, tutakaa tuone."

Dakika moja ya kimya! Serikali iliyoshindwa kuwapa wale watoto nguzo iliona iwape kimya.

Bosi akatoka, akaurudisha mlango taratibu kama mlango wa wodi. Marehemu mke wangu alikuwa na msemo: mkubwa akikukumbatia, hesabu vidole vyako. Sindano hakuwa na muda wa kuhesabu. Lakini Mama Mkasi alikuwa ameshavaa miwani, anatazama kupitia kioo.

Bosi alikuwa katikati ya ukumbi, simu sikioni.

"Anasema nini huyo?" Kobe akauliza. "Hatusikii hapa."

"Miaka ishirini natazama midomo isiyo na sauti," Mama Mkasi akasema. "Nyamaza nisome." Midomo yake mwenyewe ikaanza kucheza, ikifuata ya Bosi. "'Wana... sauti ya kijana... Ndiyo, Mheshimiwa... Mwondoeni pale... sasa hivi.'"

Kikulacho ki nguoni mwako, na wakati mwingine kimevaa tai.

Saa ya ukutani ilisema saa saba kasoro dakika kumi na mbili.

"Tukitangaza watamuua," Kobe akasema.

"Tusipotangaza watamuua kwa utulivu," Sindano akamjibu. Alikuwa anafuta damu ya Kobe mikononi kwa karatasi za taarifa ya habari. "Mama, ile dakika ya saa saba, unacheza nini chini yake?"

"Hakuna kitu. Kimya kitupu."

"Kimya unacho."

Mama Mkasi akamtazama. Akavua miwani, akaifuta kwa khanga yake, akaivaa tena.

"Ninacho, mwanangu," akasema.

*

Saa saba kamili mchana. Taa nyekundu ikawaka. Sindano, unga usoni, doa la damu ya Kobe limefichwa chini ya kola, akaitazama kamera.

"Watazamaji, leo tunawazika wasichana kumi na mmoja. Tunaombwa tukae kimya dakika moja. Naomba msinyamaze tu. Sikilizeni. Hiki ni kimya cha ofisi ya Waziri wa Ujenzi, asubuhi ya leo."

Nchi nzima ikakaa kimya. Vinyozi wakazima mashine, wapiga pasi wakainua pasi. Kimya kikaanza kuvuma.

Mdundo. Kisigino. *Da... da.*

Nyuma ya kioo cha studio, kwenye chumba cha mitambo walikohamia Mama Mkasi na Kobe, Bosi aliingia akikimbia. "Kata! Kata hiyo! Nani kaweka hiyo?"

Mama Mkasi hakugeuka. Kobe akasimama katikati, mkono wa kushoto mbele, wa kulia kifuani ndani ya fulana.

"Pita huku, bosi."

Bosi hakumpiga usoni. Alimpiga kwenye mkono uliovunjika. Kobe akapiga magoti. Bosi akampiga tena palepale, kwa kisigino cha kiatu, akamruka, mkono wake ukafika kwenye mitambo, kidole kikabakiza inchi moja.

Kizima moto chekundu kikamfikia kabla. Mama Mkasi alikishika kama mchi, akamtwanga nacho sikioni. Tai ya bluu ikaenda chini na mwenyewe.

"Ishirini," Mama Mkasi akahema, "miaka ishirini nimetaka kukata sauti yako."

Akakiweka kizima moto sakafuni, akarudi kwenye mitambo. Wakati huo walinzi wa kituo walishafika nje, wanapiga mlango kwa mabega. Kobe akatambaa, akauegemea mlango kwa mgongo, miguu kwenye kabati, akausukuma kwa maumivu yake yote.

Hewani, pigo la godoro. Pigo la pili. Kikohozi cha Waziri.

Dakika ikaisha. Sindano akaitazama kamera tena.

"Aliyeita 'dada' ni dereva wa Waziri," akasema. "Anayeitwa ni mimi."

Simu ya studio ikaita, ile ambayo namba yake hupita chini ya kioo ili watazamaji watoe maoni. Mama Mkasi akaiunganisha moja kwa moja hewani.

"Zima hiyo kitu!" sauti ikanguruma.

Sindano akaitambua. Uso haukubadilika. Kazi ni kazi.

"Habari za mchana. Uko hewani. Naongea na nani?"

"Unanijua vizuri sana! Ninaye hapa mdogo wako. Bastola iko mbavuni mwake. Sema mmetengeneza hiyo sauti, sema ni uongo, la sivyo namwaga matumbo yake kwenye usukani."

"Kwenye usukani? Anaendesha yeye?"

"Nani aendeshe? Goti umelivunja, mshenzi wewe!"

"Na yule mwenzako?"

"Unamtapisha mtu meno halafu unamuuliza yuko wapi!"

"Gia," Sindano akasema. "Unanisikia?"

"Nakusikia, dada." Sauti nene, ya mdomo uliovimba. "Samahani, sitamki vizuri. Mbele hakuna meno."

"Endesha polepole, mdogo wangu."

"Asiongee!" Likasikika pigo, la chuma kwenye mfupa. Gari likapiga honi, likanyooka tena.

Kwenye kidude cha sikioni mwa Sindano, Mama Mkasi akazungumza haraka: "Waziri yuko simu ya pili. Anapiga kelele. Hajui kama tunarekodi. Nimlete?"

Sindano akagusa sikio mara moja. Hiyo ndiyo 'ndiyo' yao.

"Ndugu yangu," akamwambia Glovu, kwa sauti ileile anayowahojia mawaziri, "umefanya kazi na Waziri miaka mingapi?"

"Saba. Inakuhusu nini?"

"Yuko hapa kwenye simu nyingine. Anasema hakujui."

"Uongo!"

"Msikilize mwenyewe."

Sauti ya Waziri ikaingia hewani, kali, ikikatisha watu: "...mhuni tu huyo! Nilimfukuza tangu mwezi jana! Kamteka dereva wangu kwa mambo yao wenyewe. Nimeshaagiza polisi, wakiliona hilo gari wasiulize, wapige risasi, wote wawili! Nasema wote wa..."

Mama Mkasi akaikata hapo. Miaka ishirini, anajua pa kukata.



"Wote wawili," Glovu akarudia. Sauti ilikuwa imepungua, kama mtu aliyevua viatu. "Miaka saba nampigia watu. Nimempigia walimu, nimempigia vibarua. Mpaka mwanamke mja mzito nilimpigia. Binti yangu alipougua nikamwomba gari tu la kumpeleka hospitali, akasema magari yako kwenye ziara."

"Pole."

"Usinipe pole, wewe! Umenivunja mguu!"

"Nimekuvunja mguu. Yeye ameagiza wakuue. Nani alikutuma umchukue dereva?"

"Unajua nani."

"Najua mimi. Mama wa wale wasichana hawajui. Waambie."

Akahema. Nchi nzima ikahema naye.

"Ile barua," Glovu akasema, "hakuichoma. Alinipa mimi nikaichome, sikuichoma. Mtu mwenye akili haachi kuweka akiba. Barua iko kwa..."

Breki.

Mlio mrefu wa matairi, kioo kikapasuka, mtu akagonga kitu kwa kichwa. Mkwaruzano. Matusi. Gia akilia kwa hasira kama mnyama. Wanaume wawili wanapigania chuma kimoja ndani ya nafasi isiyotosha kugeuka.

Paa!

Sindano akasimama kwenye kiti chake, mbele ya watu milioni.

"Gia! Gia, niitikie!"

Paa! Ya pili.

"Dada!" Gia alikuwa anahema. "Dada, nimempiga! Ninayo mimi bastola! Alisahau kujifunga mkanda, akaenda na kioo, nikaichukua! Nimempiga tumboni!"

"Gia, weka chini bastola."

"Alinitoa meno kwa koleo, dada! Moja moja! Kila jino aliuliza nani mwingine anajua habari ya barua!"

"Weka chini. Watu wote wanakusikia."

"Wasikie! Waliposikia nikipigwa walifanya nini?"

Sindano akapiga hesabu haraka.

Asubuhi mdogo wake alikuwa shahidi. Sasa alikuwa mtu mwenye bastola na damu mpaka viwikoni, polisi wakimtafuta waue, na mtu pekee aliyejua barua iliko alikuwa anatokwa na roho kwenye kiti cha pembeni. Bila barua, Gia ni muuaji. Akiwa na barua, ni mtu aliyejitetea.

"Bado anapumua," Gia akasema. Sauti ilikuwa imebadilika. Imekuwa tulivu, na utulivu ule ulimtisha Sindano kuliko risasi. "Ananitazama. Anataka kusema kitu. Nimwache aseme, dada, au nimmalize?"

"Mwache aseme! Mdogo wangu, kwa maziwa tuliyonyonya, mwekee simu mdomoni."

"Hastahili kuongea."

"Hastahili. Mwekee."

Kitambaa kikakwaruza. Kisha pumzi ya Glovu, yenye maji ndani yake, karibu kabisa, kana kwamba analala sikioni mwa kila mtu aliyekuwa anatazama.

"Barua," akasema. "Niliiuza."

"Kwa nani?"

"Kwa bosi... wako. Wa tai. Anayo... mfukoni... anatembea nayo. Ndiyo inayomfanya... Waziri ampigie simu... kwa adabu."

Sindano akainua macho, akatazama kupitia kioo, ndani ya chumba cha mitambo.

Kobe alikuwa bado ameupa mlango mgongo, kichwa kimelala kifuani, hajitambui. Ulinzi wa mlango sasa ni uzito wake tu. Mama Mkasi alikuwa mbele ya mitambo, ameinama. Na nyuma yake, polepole, kama mtu anayetoka majini, Bosi alikuwa anasimama. Nusu ya uso wake ilikuwa damu. Mkono mmoja ulibana koti upande wa moyo, pale mfuko wa ndani ulipo. Ule mwingine uliokota kizima moto.

Akakiinua juu ya kichwa cha yule mama.

"Mama!" Sindano akapiga kelele kwenye maikrofoni. "Nyuma yako! Geuka!"

Sauti ikaruka hewani, ikaingia kila nyumba yenye televisheni. Vinyozi wakageuka nyuma. Wapiga pasi wakageuka. Waombolezaji makaburini, walioizunguka redio ya gari, wakageuka wote pamoja.

Mtu mmoja tu hakugeuka. Mama Mkasi alikuwa amevua hedifoni, ambazo bila hizo sauti ya studio haimfikii, ili afute machozi.